Aliyezinyima Kunde Maji

Katika miaka yote niliyokaa jirani na Bwana Shamba, sikuwahi kumwona akifurahia mvua. Wingu likijikusanya upande wa Ruvuma, kijiji kizima kilitoka vibarazani kutazama juu. Yeye aliingia ndani. Akitoka tena alikuwa amekunja uso, kama mtu aliyefikiwa na mgeni asiyemtaka. Siku za jua kali, zile ambazo majani ya mihogo hulegea kabla ya adhuhuri, ndizo alizovaa kofia yake ya ukindu na kuzunguka nyuma ya nyumba akipiga mluzi.

Nilihamia kijiji kile, nje kidogo ya Newala, nikiwa mwalimu wa shule ya msingi, nikapewa nyumba iliyopakana na yake. Alikuwa amekwisha staafu kazi yake ya kuelekeza wakulima, lakini jina halikustaafu pamoja naye. Watoto, wazee, sheikh, katekista, wote walimwita Bwana Shamba. Mkewe peke yake ndiye aliyemwita Baba Somoe, kwa jina la binti yao wa pekee aliyeolewa Lisekese, kule Masasi.

Penye ua wa matete uliotutenganisha alikuwa ameweka makopo ya rangi yaliyojaa mchanga, na ndani ya kila kopo miche ya kunde. Bibi yangu mzaa mama alipokuja kunitembelea kutoka Chiwata, aliikuta miche hiyo imeinama, majani yamejikunja. Bibi hakuweza kuona kitu kina kiu akanyamaza. Alichota maji kwenye mtungi wangu, maji ambayo bodaboda alikuwa ameyapandisha kutoka bondeni asubuhi ile, akaimwagilia yote. Bwana Shamba akatokea. Alimwamkia kwa heshima zote, akangoja marahaba yake, akauliza habari za Chiwata na za mikorosho. Kisha akachutama na kuanza kung'oa mche mmoja baada ya mwingine, mbele ya macho ya bibi, mpaka makopo yakabaki mchanga mtupu.

"Mbona unaing'oa, mwanangu?" bibi aliuliza. "Si imepata maji sasa?"

"Ndiyo maana, mama," alisema. "Sasa siijui tena."

Bibi alirudi Chiwata akisema nimepangiwa nyumba jirani na mtu asiye na moyo.

Ilinichukua muda kuelewa alichokuwa akikifanya. Sisi tulikuwa na kunde yetu ya kienyeji, ile inayotambaa, tamu majani na tamu punje, ila inachelewa. Mvua ikikatika mapema inabaki majani matupu. Na kulikuwa na kunde fupi iliyoletwa kutoka kwingine, inayokomaa upesi lakini haina ladha na wadudu wanaipenda. Yeye aliziozesha hizo mbili. Hilo ndilo neno alilolitumia. Watoto wao aliwaotesha kwenye makopo, akawanyima maji mpaka wakalala, kisha akawapa maji mara moja. Wasioinuka aliwatupa. Walioinuka aliwahamishia shambani, akachukua mbegu zao, na mwaka uliofuata akaanza tena. Alikuwa amefanya hivyo kwa miaka mingi kabla sijafika, na hakuonekana kuchoka.

"Kazi hii haitaki huruma," aliniambia siku moja nilipomuuliza kama haoni vibaya kuitazama mimea ikifa. "Nikiuhurumia mche huu, mwaka wa njaa mtu atakuja kuvuna nini? Atavuna huruma yangu? Huruma haipikwi, Mwalimu."

Mkewe alikuwa akipita na dumu la maji kichwani aliposema hivyo. Hakusimama.

Ila kuozesha kwenyewe hakukuwa kazi yake. Vidole vyake vilikuwa vinene, na ua la kunde halina subira na vidole vinene. Ukiligusa vibaya linadondoka. Mama Somoe alikuwa msusi wa mikeka. Alasiri alifungua kwa ncha ya sindano ua lililokuwa bado limefumba, akalitoa vifuko vyake vya unga kabla havijaiva, na kesho yake asubuhi na mapema akaleta unga wa ua la kunde ya pili, akaupaka ndani, kisha akafunga uzi mwekundu kwenye kikonyo. Mumewe alisimama nyuma yake amemshikia mwavuli jua lisimpige machoni. Walikuwa hawazungumzi. Hizo ndizo nyakati pekee nilizowaona wamekaribiana namna ile, na nilipokuwa nikifagia uwanja wangu nilijikuta nafagia polepole nisiwasumbue.

Wageni wakija, alisema, "Hizi ni kunde zangu." Mama Somoe hakuwahi kumsahihisha.

Mtu asidhani alikuwa mchoyo. Wajane wawili wa mtaa wetu hawakuwahi kuhangaika na mikorosho yao; msimu wa kupuliza dawa ulipofika alibeba bomba mgongoni, akarudi jioni mweupe kwa salfa kuanzia kofia hadi viatu, akikohoa. Paa langu lilipoezuliwa na upepo, alikuwa juu yake na nyundo kabla sijamaliza kukusanya vitabu. Na bibi yangu yule yule ambaye miche iling'olewa mbele ya macho yake, alipolazwa hospitali ya Ndanda na mimi nimefungwa na mitihani ya darasa la saba, Bwana Shamba alipanda gari na kumpelekea uji na machungwa. Hakuniambia. Niliambiwa na bibi mwenyewe, aliyekasirika kwa sababu sasa alilazimika kumpenda.

Lakini mbegu hakutoa. Hakumpa mtu hata punje moja.

"Hazijatulia," ndilo lilikuwa jibu lake. Alimaanisha kwamba ukipanda mbegu za mche mmoja bado ungepata watoto wasiofanana: huyu anatambaa, huyu amesimama, huyu mweusi, huyu kahawia. Alitaka watoke sare kabla ya kuzitoa nje ya ua wake. Majirani walipomwambia wao hawajali rangi, wanataka cha kutia chunguni, aliwaambia wasubiri mwaka mmoja tu. Mwaka huo mmoja aliusema kila mwaka.

Kuna siku alikuja kijana mtaalamu wa mbegu, na gari la mradi fulani. Alikuwa mpole, alivua viatu mlangoni, akala ugali wetu wa muhogo bila kujifanya. Akaomba kiganja kimoja cha mbegu akazihifadhi mahali penye baridi, zisije zikapotea.

"Mtaziitaje?" Bwana Shamba alimuuliza.

"Kwa kuanzia tunazipa namba, mzee wangu."

"Basi kazitafute hizo zenye namba."

Kijana alipoondoka, nilimlaumu Bwana Shamba. Ndipo akanieleza, kwa mara ya kwanza na ya mwisho, kwamba alipokuwa msaidizi kwenye shamba moja la utafiti, akiwa bado hajaoa, alikaa miaka na karanga mikononi, akichagua zinazovumilia ukame, na mkubwa wake akazipeleka kwenye mkutano akarudi amepongezwa. Katika hotuba alishukuriwa hadi dereva. Yeye alikuwa amekaa safu ya nyuma, amevaa shati alilonunua kwa ajili ya siku ile. Alinisimulia hayo bila kuniangalia, na nikaelewa kwamba tangu siku ile kila kiganja kilichonyooshwa mbele yake kilikuwa cha mkubwa yule.

Aliswali swala zake tano bila kukosa. Ila siku watu walipotoka uwanjani kuswali swala ya kuomba mvua, Bwana Shamba alikuwa na mafua. Ikatokea mwaka mmoja, ikatokea na mwaka mwingine. Sheikh alimtania hadharani, "Sisi tunaomba mvua, wewe unaomba jua?" Naye akajibu kwa uso mkavu, "Naomba wiki chache tu, sheikh, nizijue zipi ni kunde." Watu walicheka sana. Miaka hiyo kulikuwa na chakula.

Ukaja mwaka ambao hakukuwa na wa kucheka. Mvua ilianza vizuri, tukapanda, ikakatika na haikurudi. Mahindi yalikauka yakiwa kimo cha goti. Mihogo tulikuwa tumeimaliza, kwa kuwa mwaka uliotangulia nao haukuwa wa maana. Wanawake waliingia porini kuchimba ming'oko, mizizi ya mwituni inayoliwa, wakawa wanakwenda mbali zaidi kila wiki. Darasani kwangu watoto walilala vichwa juu ya madawati, na mimi niliacha kuwaamsha, maana nikiwaamsha nitawaambia nini.

Na katikati ya mashamba yale yaliyokauka, kipande cha Bwana Shamba kilisimama kijani. Sijawahi kumwona mtu ana furaha kama ile, na sijawahi kuona furaha iliyokaa mahali pabaya kama ile. Alipita njiani akipiga mluzi. Alinishika mkono, mtu ambaye hakuwa na desturi ya kugusana, akanipeleka kunionyesha maganda yaliyojaa. "Unaona, Mwalimu? Mwaka huu umezichuja zote. Sikulazimika kufanya kitu." Alivuna, akaanika, akapiga, akaingiza magunia ghalani na kufunga kufuli. Wapita njia walisimama wakatazama. Hakuna aliyemsalimia, na yeye hakugundua.

Balozi wetu wa nyumba kumi alikuja alasiri moja, akakataa kiti.

"Bwana Shamba, vijana wanasema."

"Wanasema nini?"

"Kwamba mvua umeifunga kwenye makopo."

Bwana Shamba alicheka. "Waambie waje wayafungue. Watakuta mchanga."

"Mimi nimekuletea nilichosikia," alisema balozi, na akaondoka bila kuaga vizuri.

Mama Somoe alikuwa kwenye mlango wa jiko. Hakucheka. Katika kijiji cha jirani nyumba ya mzee mmoja ilikuwa imechomwa moto kwa maneno kama hayo hayo, na yeye alikuwa amekwenda kumpa pole mke wa mzee yule, akamkuta amekaa kwenye majivu anatafuta sufuria.

Jioni ile nilikuwa nimekwenda kwao kuomba chumvi. Alimwambia mbele yangu, kwa sauti ya chini, "Baba Somoe, tuwape watu. Hata kibaba kibaba."

"Wakapande wapi, na jua hili?"

"Sikusema wapande. Wale."

Alimtazama kana kwamba amemwambia wamle Somoe. "Hicho si chakula," alisema. "Ni mbegu. Mwaka mmoja tu, halafu hawatalala njaa tena maisha yao yote."

"Wana njaa leo."

"Nimesema, Mama Somoe."

Haikupita wiki, ikaja habari kwamba kaka yake Bwana Shamba amefariki Masasi, naye akaenda kuzika. Asubuhi iliyofuata Mama Somoe alifungua ghala. Hakuvunja kufuli; alijua ufunguo ulipokaa. Aliazima masufuria makubwa ya msikitini, yale ya maulidi, akanituma kwa wanawake wa mtaa walete kuni na maji kidogo ambayo kila mmoja ana uwezo nayo. Tulipika kunde kwa chumvi tu. Harufu ilipotoka nje, watu walikuja bila kuitwa: watoto wangu wa shule, wajane wale wawili, balozi na familia yake. Vijana nao walikuja, wale wenyewe wa maneno. Walisimama kwanza penye makopo, mikono mifukoni, wakichungulia ndani. Mama Somoe aliwapelekea sinia.

"Kaeni mle," aliwaambia. "Hizi ni kunde za Bwana Shamba. Yeye ndiye aliyesema mpewe."

Nilimtazama. Hakunitazama.

Kijana mmoja alimega, akatafuna, akasema, "Kumbe tamu." Mwingine akasema, "Mwambieni tumeshukuru." Wakakaa chini. Tulipika hivyo hivyo siku iliyofuata, na iliyofuata, na Mama Somoe mwenyewe alipima kila chungu kilichoingia motoni.

Bwana Shamba aliporudi kutoka msibani alishuka kwenye gari sokoni, akaanza kutembea kuja nyumbani, na njia nzima watu walitoka kumshukuru. Wazee walimshika mkono kwa mikono miwili. Mama mmoja alimpigia goti na mtoto mgongoni. "Mungu akulipe, Bwana Shamba. Umetuokoa." Nilikuwa natoka shule, nikamkuta katikati ya hayo. Alikuwa anaitikia, "Ahsante, ahsante," huku hajui anaitikia nini. Kisha nikaona uso wake unavyoelewa. Aliharakisha, akaacha mkoba wa safari njiani, nikaubeba mimi.

Nilipofika, ghala lilikuwa wazi na yeye amesimama ndani.

"Zote?" alikuwa anauliza.

"Nimebakiza kopo moja," alisema Mama Somoe. "Zile ulizozichagua mwenyewe, ukasema ndizo zilizotulia." Akampa kwa mikono miwili. "Nyingine nilizifunga uzi mimi kwa vidole hivi, Baba Somoe. Nimezipika mimi. Walikuwa wanakuja kukuchoma."

Alilipokea kopo. Alitoka nalo uwanjani, akalimimina chini, akawaita kuku. Walikuja mbio. Alisimama pale mpaka punje ya mwisho ikadonolewa, kisha akaliweka kopo kifudifudi juu ya jiwe. Nilikuwa upande wangu wa ua, na mkoba wake mkononi. Aliniona. Mama Somoe naye alikuwa ameona kila kitu kutoka mlangoni. Alikaza kanga yake kiunoni, akaingia jikoni kumwekea maji ya kuoga motoni, kwa sababu mtu alikuwa ametoka safari.

Tangu hapo Bwana Shamba alimwambia kila aliyemuulizia mbegu kwamba mke wake alizimaliza. Habari za kuku hakuzisema, na mkewe hakuzisema. Vijana waliacha maneno yao. Waliomwona mchawi sasa walimwona mtu wa Mungu, wakamletea ming'oko, wakamsaidia palizi mvua iliporudi. Alizipokea heshima hizo zote kwa uso uliokunjamana. Lakini chakula cha mkewe hakukila tena. Alihamishia mafiga ghalani, akawa anajisongea ugali wake, mbovu, wenye madonge, na moshi ukitoka mle ulimfanya Mama Somoe ainuke kila mara kwenda kutazama, halafu akumbuke na kukaa.

Mkewe alivumilia msimu mzima. Alimpandia shamba, akalipalilia. Somoe alipokuja kumwona mama yake alikaa siku chache, akatazama maisha yale, akamfungashia nguo zake na kuondoka naye Lisekese. Hakukuwa na talaka. Bwana Shamba alimbebea mzigo mpaka kituoni, akamwekea ndani ya gari, akashuka.

Mimi nilihamishiwa shule nyingine, karibu na Ndanda, na kwa miaka kadhaa sikupanda tena Newala. Nilipopata safari ya kikazi huko, mwezi wa kwanza, nilipitia kumsalimu. Alikuwa amepungua, na jicho moja limeingia ukungu. Alikuwa ameanza upya. Kunde fupi na kunde inayotambaa zilikuwa zimeota bega kwa bega nyuma ya nyumba, zile zile za mwanzo kabisa, ambazo mtu yeyote anazipata sokoni. Alinieleza msimu uliopita alijaribu kuozesha mwenyewe. Hakufanikiwa hata ua moja.

"Ukirudi unapita Masasi?" aliniuliza.

"Napita."

"Mwambie Mama Somoe maua yatakuwa tayari mwezi wa tatu mwanzoni. Asichelewe."

"Nimwambie hilo tu, mzee wangu?"

Aliinamia mche uliokuwa karibu, akageuza jani, na nilimngoja kwa moyo wote.

"Hilo tu," alisema.

Nilimkuta Mama Somoe nyumbani kwa binti yake, anageuza makopa ya muhogo juani. Alikuwa amenenepa kidogo. Nilimpa ujumbe kama nilivyopewa.

"Kasema hivyo?"

"Hivyo."

"Na baada ya hapo?"

"Basi."

Aligeuza makopa yaliyobaki, akapangusa mikono. "Mwambie nimesikia."

"Utakwenda?"

"Mwambie nimesikia, Mwalimu."

Mwezi wa tatu nilitumwa tena Newala. Nilimkuta Bwana Shamba barazani, amevaa kanzu iliyopigwa pasi, na uwanja umefagiliwa. Nyuma ya nyumba kunde zilikuwa zimejaa maua. Alisimama aliponiona, akatazama nyuma yangu njiani, akatazama tena.

"Umekuja peke yako."

"Amesema amesikia."

Alitikisa kichwa taratibu, akakaa. Nilikaa na mimi. Mwanamke mmoja alipita na dumu, akamwamkia, akaitikia. Kisha akauliza, "Lisekese kumenyesha?"

Nilijua alichokuwa akiuliza. Alitaka kujua kama ni mzima, kama anakula vizuri, kama analitaja jina lake, kama alipopewa ujumbe uso wake ulibadilika. Majibu yote nilikuwa nayo, na angeniuliza moja tu ningempa yote.

"Kumenyesha," nikasema.

"Imeingia ardhini?"

"Imeingia."

Alingoja niendelee. Nilichukua mkoba wangu, nikamwambia gari la Masasi linakaribia kuondoka.